MGOMBEA AKISHINDWA, AENDE WAPI?

Nyakuron ni mtaa mmojawapo wa mji wa Juba, na jina lake limevuka mipaka ya Sudan Kusini kwa sababu ya jumba la utamaduni lililojengwa hapo katika miaka ya 1970, baada ya Mapatano ya Addis Ababa ya mwaka 1972. Jumba hilo lilikusudiwa ngoma, muziki na maonyesho, lakini kama ilivyo desturi katika nchi changa zenye kumbi chache, limekuwa pia mahali pa mikutano ya siasa. Mwenye kutaka kuyafahamu matatizo ya uchaguzi katika Sudan Kusini yafaa aanzie hapo.

Tarehe 14 Desemba 2013 wajumbe wa Baraza la Ukombozi la chama kinachotawala, SPLM, walikusanyika katika jumba la Nyakuron. Uchaguzi mkuu ulikuwa umepangwa kufanyika mwaka 2015. Mwezi Julai Rais Salva Kiir alikuwa amemwondoa Dakta Riek Machar katika cheo cha Makamu wa Rais, naye Dakta Machar alikuwa ametangaza nia yake ya kugombea uongozi wa chama. Swali lililokuwa mbele ya wajumbe, ukiliondolea maneno yote ya pambo, lilikuwa moja: nani atakuwa mgombea? Na katika mambo yaliyobishaniwa lilikuwamo hili, ambalo mtu wa mbali angeliona dogo: je, Mwenyekiti wa chama achaguliwe kwa kuinua mikono au kwa kura ya siri?

Siku ya pili ya mkutano Dakta Machar na wenzake hawakuhudhuria. Usiku wa siku hiyo, tarehe 15 Desemba, risasi zililia katika kambi ya askari walinzi wa Rais. Vita vilivyofuata vilienea kutoka Juba hadi Bor, Bentiu na Malakal. Uchunguzi wa kitaalamu uliotolewa mwaka 2018 ulikadiria kuwa karibu watu 400,000 walipoteza maisha yao kwa sababu ya vita hivyo, ama kwa silaha ama kwa njaa na maradhi yaliyotokana navyo. Watu zaidi ya milioni moja walikimbilia nchi jirani, na Uganda peke yake ilipokea umati ambao haujapata kuonekana katika mipaka yake.

Sisi ambao kazi yetu ni kuueleza umma habari za majeshi tumezoea kuhesabu vita tangu risasi ya kwanza. Katika makala haya twapenda kurudi nyuma ya risasi hiyo, tumtazame mtu ambaye wachambuzi wengi humsahau mara matokeo yanapotangazwa, yaani mgombea aliyeshindwa. Tunadai kwamba usalama wa taifa hutegemea jinsi taifa hilo lilivyomwandalia mtu huyo mahali pa kwenda.

KURA KUMI NA MBILI

Sudan Kusini imepata uchaguzi mkuu mmoja tu, nao ulifanyika kabla ya uhuru wake. Ulikuwa uchaguzi wa Sudan nzima wa Aprili 2010, ulioamriwa na Mapatano ya Amani ya mwaka 2005. Upigaji kura ulianza tarehe 11 Aprili, na siku tatu zilizopangwa ziliongezwa zikawa tano, kwa sababu vifaa vilichelewa na orodha za wapiga kura zilikuwa na kasoro nyingi.

Mwananchi wa Kusini alipewa karatasi 12 za kura. Moja ilikuwa ya Rais wa Jamhuri, moja ya Rais wa Serikali ya Kusini, na moja ya Gavana wa jimbo. Tatu zilikuwa za Bunge la Taifa, tatu za Bunge la Kusini, na tatu za bunge la jimbo lake. Kila bunge lilihitaji karatasi tatu kwa sababu asilimia 60 ya viti vilikuwa vya wagombea wa sehemu za uchaguzi, asilimia 25 vya orodha ya wanawake, na asilimia 15 vya orodha ya vyama. Hebu msomaji afikirie mwananchi aliyeishi vitani miaka ishirini na zaidi, asiyepata nafasi ya kusoma, amesimama nyuma ya pazia na karatasi 12 mkononi! Hata hivyo watu walipanga foleni juani, wakapiga kura. Hapana atakayeweza kusema kwamba wananchi wa nchi ile hawakuitaka kura.

Kasoro kubwa ilikuwa kwa wakubwa. Katika sehemu nyingi za Kusini aliyeteuliwa na SPLM alihesabiwa kuwa ameshinda kabla ya siku ya kura. Kwa hiyo mashindano yenyewe hasa yalikuwa katika uteuzi wa chama, ambao mwananchi wa kawaida hakuuona. Wanachama wengi walioachwa hawakukubali, wakajiandikisha kuwa wagombea binafsi dhidi ya chama chao wenyewe. Huko Juba, katika jimbo la Equatoria ya Kati, Gavana Clement Wani Konga aliyesimama kwa tiketi ya chama alipingwa na Alfred Ladu Gore, mwanachama aliyesimama binafsi. Wani Konga alitangazwa mshindi, na Ladu Gore akayakataa matokeo.

WALIOINGIA PORINI

Katika jimbo la Jonglei mambo yalikuwa mabaya zaidi. Luteni Jenerali George Athor alikuwa mmoja wa wakuu wa jeshi. Alitaka kuwa Gavana, chama kikamteua Kuol Manyang, naye Athor akavua sare akasimama kama mgombea binafsi. Alishindwa. Kabla mwezi Aprili haujaisha, watu wake walikuwa wameshambulia kambi ya jeshi alilolitumikia. Mapatano ya kusimamisha vita yalitiwa saini Januari 2011 na kuvunjika mwezi uliofuata, wakati mapigano ya Fangak yalipoua watu wapatao 200, wengi wao raia. Athor mwenyewe aliuawa Desemba 2011, miezi mitano baada ya bendera ya uhuru kupandishwa.

Habari ya David Yau Yau ina mafunzo makubwa zaidi, ingawa alianza kwa jambo dogo. Yeye hakuwa jenerali. Alikuwa mwanafunzi wa elimu ya dini aliyepata kushika kazi ya ofisi katika wilaya ya Pibor, akagombea kiti kimoja tu katika bunge la jimbo la Jonglei. Aliposhindwa alichukua silaha. Mwaka 2011 alikubali msamaha, akapewa cheo cha jenerali. Mwaka 2012 aliasi mara ya pili, na safari hii vijana wengi wa Murle walimfuata, hasa baada ya kuteswa katika operesheni ya kuwanyang'anya silaha. Mei 2014 Serikali ilitiliana naye saini mapatano ya amani, Pibor ikatengwa kuwa eneo lenye utawala wake, naye akateuliwa kuwa mkuu wa eneo hilo.

Tunaomba msomaji alipime jambo hili kwa utulivu. Hatusemi kwamba watu wa Pibor hawakuwa na malalamiko ya haki, kwa maana walikuwa nayo, na kupata utawala wao lilikuwa jibu lao. Lakini kijana mwingine anayetazama anajifunza nini? Anaona kwamba mtu aliyekosa kiti kimoja katika bunge la jimbo alipata cheo cha jenerali kwa uasi wa kwanza, na eneo zima kwa uasi wa pili. Na mgombea aliyeshindwa siku ile ile, akarudi nyumbani kulima shamba lake kwa amani, alipata nini? Hakupata kitu, wala jina lake halikuandikwa popote. Serikali inayowapandisha vyeo waasi na kuwasahau walioshindwa kwa heshima inauza bunduki kwa bei ya chini kuliko kura.

MZIGO WA ASKARI

Hapa tuna haki ya kusema kama askari. Tulipokuwa wanafunzi wa uofisa tulifundishwa kwamba silaha aliyonayo askari ni amana ya umma, na kwamba amri aitoayo ofisa haipati uzito kwa sababu ya sura yake bali kwa sababu ya sheria iliyo nyuma yake. Ofisa anayeondoka jeshini ili agombee ana haki hiyo kama raia yeyote. Tatizo huja pale anapoondoka na kikosi moyoni mwa watu wake, nao wakaendelea kumhesabu kuwa mkubwa wao hata baada ya kuvua sare.

Katika Sudan Kusini tatizo hilo lina mizizi mirefu. SPLM na jeshi lake vilizaliwa pamoja mwaka 1983, na kwa muda mrefu kamanda na mwanasiasa alikuwa mtu mmoja. Baada ya mwaka 2005 vikundi vyenye silaha vilivyokuwa nje vilipokewa jeshini, wakubwa wao wakapewa nishani na vyeo, hata jeshi likawa na majenerali kwa mamia. Jeshi la namna hiyo halina budi kupasuka siku wagombea wanapogombana, maana kila kipande chake kina mgombea wake. Ndivyo ilivyotokea Desemba 2013.

Mapatano ya amani ya Septemba 2018 yalitambua jambo hilo, ndiyo sababu yakaagiza kuundwa kwa majeshi ya pamoja yenye askari 83,000. Kundi la kwanza lilihitimu tarehe 30 Agosti 2022, baada ya kucheleweshwa kwa miaka mitatu. Anayeuliza kwa nini uchaguzi haukufanyika mapema ana sehemu kubwa ya jibu katika ucheleweshaji huo. Mgombea asiyejua askari wa kituo cha kura wanamtii nani hawezi kuamini hesabu itakayotoka ndani ya kituo hicho.

ALIYESHINDA NAYE

Tungekuwa tumesema nusu ya ukweli kama tungewalaumu walioshindwa peke yao. Yako pia mambo yaliyowafika walioshinda.

Katika Equatoria ya Magharibi, Joseph Bakosoro alisimama binafsi mwaka 2010 akamshinda Gavana aliyeteuliwa na chama, Bibi Jemma Nunu Kumba, na ushindi wake ulikubaliwa. Jambo hilo lilistahili sifa, kwa kuwa lilionyesha kuwa kura yaweza kuamua. Lakini Agosti 2015 Bakosoro aliondolewa kwa amri ya Rais. Kabla yake, Januari 2013, Gavana wa jimbo la Maziwa, Chol Tong Mayay, alikuwa ameondolewa hivyo hivyo, na Julai mwaka huo akafuata Taban Deng Gai wa jimbo la Unity. Katiba ya mpito ya mwaka 2011 ilimpa Rais uwezo wa kumwondoa Gavana pakiwa na hatari jimboni, lakini iliagiza kwamba uchaguzi mpya ufanyike katika muda wa siku 60. Katika majimbo hayo siku 60 zilipita, na uchaguzi haukufanyika.

Tangu hapo kiti cha uwakilishi kimekuwa kitu cha kugawanywa mezani. Mabunge ya majimbo yaliyoundwa kwa mapatano ya 2018 yalijazwa kwa hesabu ya asilimia: 55 kwa upande wa Serikali, 27 kwa upande wa Dakta Machar, 10 kwa muungano wa vyama vingine vya upinzani, na 8 kwa vyama vilivyobaki. Hesabu hiyo ilisaidia kunyamazisha bunduki, na kwa hilo hatuwezi kuibeza. Lakini mbunge aliyepatikana kwa njia hiyo hakupata kusimama mbele ya wananchi wa Nyakuron kuwaomba kura, wala hana sababu ya kurudi kwao kutoa hesabu.

MIFANO YA JIRANI

Wapo watakaotuambia kwamba uasi wa mgombea aliyeshindwa hauanzii Sudan Kusini, na kwamba upo uliofanikiwa. Ni kweli. Desemba 1980 Yoweri Museveni aligombea ubunge huko Uganda, akashindwa, chama chake nacho kikapata kiti kimoja tu. Akisema kuwa kura zimeibwa, aliingia msituni Februari 1981, na Januari 1986 aliingia Kampala kwa ushindi. Lakini anayeutaja ushindi huo yampasa autaje na Luweero, ambako mafuvu ya raia yalikusanywa baada ya vita. Na tena, kwa kila mwasi mmoja aliyefika ikulu kuna wengi mfano wa George Athor, ambao hawakufika popote.

Mfano mwema zaidi umo katika mwaka ule ule wa 2010. Wakati Athor alipokuwa porini, Zanzibar ilikuwa ikijitayarisha kwa uchaguzi. Visiwa hivyo vilikuwa vimemwaga damu Januari 2001 kwa sababu ya kura. Lakini katika kura ya maoni ya tarehe 31 Julai 2010 wananchi walikubali kuwa mshindi wa pili naye awe na mahali katika Serikali. Matokeo ya uchaguzi wa Oktoba yalipotangazwa, Dakta Ali Mohamed Shein alikuwa amepata asilimia 50.1 na Maalim Seif Sharif Hamad asilimia 49.1. Kwa tofauti ndogo hiyo watu wangaliweza kuuana. Maalim Seif aliyakubali matokeo, akawa Makamu wa Kwanza wa Rais. Mambo yaliharibika tena mwaka 2015 matokeo yalipofutwa, na hilo lathibitisha hoja yetu: mahali pa kwenda aliyeshindwa pakifungwa, ugomvi hurudi.

Kenya nayo iliipata njia yake kwa gharama kubwa. Baada ya uchaguzi wa Desemba 2007 watu zaidi ya 1,100 waliuawa, na upinzani ulisema haukuwa na imani na mahakama. Katiba ya mwaka 2010 ikaunda Mahakama ya Juu. Marehemu Raila Odinga alishindwa kesi mbele yake mwaka 2013, akakubali. Mwaka 2017 alirudi, na tarehe 1 Septemba mahakama hiyo ikafuta matokeo ya urais. Mwaka 2022 alishindwa tena. Mtu mmoja amekwenda mbele ya majaji mara tatu, akashinda mara moja, na mara hiyo moja ndiyo iliyowaonyesha wagombea wengine kwamba mlango wa mahakama si picha iliyochorwa ukutani.

KURA YA SIRI

Turudi kwenye ule ubishi wa Nyakuron, wa mikono au kura ya siri. Mwaka 1856 makoloni ya Victoria na South Australia, ambayo leo ni majimbo ya Australia, yalitunga sheria kwamba majina ya wagombea yachapwe na Serikali katika karatasi moja, na mpiga kura aijaze peke yake pasipo kuonwa. Uingereza yenyewe, iliyokuwa ikiyatawala makoloni hayo, haikufuata mpaka mwaka 1872. Mpaka leo, katika uchaguzi wa mabunge ya majimbo hayo, wagombea wa vyama vikubwa, vyama vidogo na wale binafsi hupangwa katika karatasi moja, na mpiga kura huwapa namba kwa kadiri anavyowapenda. Wengi wa wagombea hao hushindwa. Usiku wa matokeo kiongozi aliyeshindwa husimama mbele ya watu wake akampongeza mshindi, na kesho yake mwalimu hurudi darasani na mkulima shambani.

Watu wa huko si malaika kutuzidi sisi. Wamejengewa utaratibu unaomhakikishia aliyeshindwa mambo matatu: kwamba waliompigia kura hawajulikani wala hawataadhibiwa, kwamba hesabu yaweza kurudiwa mbele ya hakimu, na kwamba baada ya miaka kadhaa uchaguzi mwingine utafika kwa hakika. Hilo la tatu ndilo kubwa. Mgombea anayejua siku ya uchaguzi ujao huweza kungoja. Katika Sudan Kusini aliyeshindwa mwaka 2010 aliambiwa angoje 2015, kisha 2018, kisha 2021, kisha Februari 2023, kisha Desemba 2024. Septemba 2024 ilitangazwa kuwa uchaguzi umesogezwa tena hadi Desemba 2026. Machi 2025 Dakta Machar aliwekwa kizuizini nyumbani kwake, na Septemba mwaka huo akafunguliwa mashtaka ya uhaini na mauaji. Hatutaki kuingilia kazi ya mahakama. Lakini ni dhahiri kwamba uchaguzi ambao wakubwa wake hawajui kama watakuwa wagombea au mahabusu unahitaji uangalifu mkubwa.

YANAYOPASA

Uchaguzi wa Sudan Kusini, siku yoyote utakapofanyika, utakuwa na wagombea kwa maelfu, na idadi kubwa kabisa kati yao watakuwa wagombea wa mabunge ya majimbo, watu mfano wa yule mwanafunzi wa dini wa Pibor. Wengi wao lazima watashindwa, kwa kuwa viti ni vichache. Kwao hao tunaona mambo manne ya lazima. Kwanza, vyama viwateue wagombea wao kwa kura ya siri, ili mwanachama aliyeachwa ajue ameachwa na wenzake wala si na mtu mmoja. Pili, ofisa wa jeshi anayetaka kugombea astaafu mapema na kukabidhi kila kitu, na walinzi wake wapelekwe vikosi vingine. Tatu, malalamiko ya kura yasikilizwe upesi katika kila jimbo, maana mtu wa Pibor hawezi kusafiri mpaka Juba wakati wa mvua kutafuta hakimu. Nne, aliyechaguliwa asiondolewe kwa amri bila wananchi kurudishiwa haki yao ya kuchagua, na aliyeshika silaha asipewe cheo kwa sababu ya silaha hiyo.

Tangu mwaka 2016 Sudan Kusini ni mwanachama wa Jumuiya ya Afrika Mashariki. Kwa hiyo neno hili si la majirani wa mbali. Mkutano ukivunjika Nyakuron, wakimbizi hufika Adjumani na Kakuma, wafanya biashara wa Kampala na Nairobi hufunga maduka yao Juba, na majeshi ya jirani huingizwa katika ugomvi, kama Uganda ilivyopeleka askari wake Desemba 2013. Viongozi wa Jumuiya hupeleka waangalizi siku ya kura, na waangalizi hurudi kwao matokeo yakitangazwa. Sisi twawaomba wakae juma moja zaidi, wawatembelee wagombea walioshindwa majumbani mwao, wawaulize wanakusudia kwenda wapi. Katika nchi ile, jibu la swali hilo ndilo litakaloeleza kama askari walioko kambini watalala usiku huo au wataamshwa.